Oscar haikuwa yake, na disko haikumpa Grammy

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wenu wa barua nizungumzie makala yenu ya burudani kuhusu tuzo za marehemu Donna Summer, mwimbaji wa Marekani. Nimefurahi kuona bado mnamkumbuka. Mwandishi wenu anampenda mwanamuziki huyu, hilo linaonekana, na mapenzi hayo tunayo sote wawili. Lakini makala ile ina kosa moja la wazi na pengo moja kubwa, na vyote viwili vinampunguzia haki mwanamke yuleyule mliyetaka kumsifu.

Nianze na kosa. Mmeandika kwamba Donna Summer alishinda Oscar kwa wimbo wa "Last Dance". Hakushinda. Oscar ya wimbo bora katika sherehe za Aprili 1979 alikabidhiwa Paul Jabara, aliyeutunga, kwa sababu tuzo ile hupewa watunzi, si waimbaji. Usiku uleule Giorgio Moroder, mtayarishaji aliyefanya kazi na Donna tangu Munich, Ujerumani, alipata Oscar yake kwa muziki wa filamu ya Midnight Express. Wanaume wawili waliokuwa karibu naye kikazi waliondoka na sanamu. Yeye, aliyeuimba wimbo na kuigiza katika Thank God It's Friday, filamu yenye wimbo huo, kama msichana anayehangaika apewe nafasi ya kupanda jukwaani, hakuwa na la kubeba usiku ule.

Simwonei Jabara kijicho. Wimbo ni wake, na inasimuliwa kwamba alimfungia Donna bafuni katika hoteli moja huko Puerto Rico ili ausikilize kwenye kaseti hadi mwisho. Alistahili. Ninachosema ni kwamba ukimpa Donna Oscar ambayo hakupewa, unamfichia msomaji tuzo aliyopewa kweli kwa wimbo huohuo: Grammy, tuzo ya muziki ya Marekani, ya Februari 1979 ya uimbaji bora wa kike wa R&B, yaani muziki wa Wamarekani weusi wenye mizizi katika blues na Injili, iliyokuwa ya kwanza maishani mwake. Sikilizeni anavyouanza. Anaingia taratibu, karibu kunong'ona, kama mtu anayeomba jambo asilo na hakika nalo. Kisha ngoma zinaingia na sauti inapanda nazo. Katikati mwendo unashuka tena, na mwimbaji asiye na pumzi za kutosha angepotea pale, ila yeye anasubiri, anaushika ule upole, halafu anapanda kwa mara ya pili kwa nguvu kuliko ya kwanza. Hiyo ndiyo iliyopewa Grammy. Ni kazi ya koo na kifua, na waliokaa kuipima waliiita R&B.

Hapo ndipo ninapofika kwenye pengo. Makala yenu imempa jina la Malkia wa Disko kuanzia kichwa cha habari hadi aya ya mwisho, kisha ikazipanga tuzo zake zote chini ya jina hilo kana kwamba zote zimetoka kwenye disko. Ukizitazama Grammy zake tano moja baada ya nyingine, hakuna hata moja iliyotolewa kwa jina la disko. Ya kwanza ni R&B. Ya pili ni rock. Ya tatu na ya nne ni za nyimbo za imani. Ya tano ni ya muziki wa dansi, na ilikuja mwaka 1998, wakati kizazi kilichocheza nyimbo zake kilikuwa tayari na watoto wakubwa.

Nalisema hili kwa uchungu kidogo kwa sababu nimeishi nalo kazini. Kwa miaka mingi nilikuwa mtunzaji wa maktaba ya santuri katika kituo kimoja cha redio. Kila santuri iliyoingia ilipewa kadi, na kwenye kadi kulikuwa na mstari wa kujaza aina ya muziki. Kadi moja, aina moja, rafu moja. Mkuu wangu alitaka Donna Summer wote aende disko, na hakutaka mjadala. Matokeo yake ni kwamba mtangazaji wa kipindi cha Jumapili asubuhi alipokuja kutafuta nyimbo za Injili zilizoimbwa na wanawake, asingempata kamwe, kwa sababu "He's a Rebel" umo ndani ya albamu ya She Works Hard for the Money, na albamu ile ilikuwa imesimama rafu ya disko kwa sababu tu ya jina lililokuwa ubavuni mwa jalada. Nikaandika kadi ya pili kwa mkono wangu, nikaitia kwenye droo ya nyimbo za dini. Mtangazaji aliipata, akaupiga wimbo, na wasikilizaji wakauliza huyu ni nani.

Wimbo ule una Grammy. Mwaka 1984 ulimpa Donna tuzo katika kipengele cha nyimbo za imani, kilichoitwa Best Inspirational Performance, na mwaka uliofuata akaichukua tena kwa "Forgive Me". Miaka miwili mfululizo! Makala yenu imezipitia kwa maneno matatu, "na tuzo nyingine". Mtu aliyekulia kanisani Boston, akaanza kusikika akiwa na miaka kumi kwa kuimba mbele ya waumini, akaenda Ulaya, akajulikana dunia nzima mwaka 1975 kwa wimbo wa mahaba ambao vituo vingine vya redio vilikataa kuupiga, kisha akarudi kwa Mungu na kuanza kuweka walau wimbo mmoja wa imani ndani ya albamu za kawaida za sokoni: mtu huyo kushinda mara mbili kwa nyimbo hizo si jambo la "nyingineyo". Kwangu mimi zile mbili zinaeleza maisha yake kuliko nyota yenye jina lake aliyowekewa njiani mwaka 1992 pale Hollywood Walk of Fame, ambayo mwandishi wenu ameieleza kwa aya nzima na picha.

Sasa rock. Naomba nikae hapa, maana ndipo penye habari yenyewe.

Mwaka 1979 hapakuwa na mwimbaji wa kike Marekani aliyekuwa akiuza kama yeye. Live and More ilikuwa imefika namba moja, Bad Girls ikafuata, On the Radio ikaja nyuma yake. Zote tatu zilikuwa albamu za santuri mbili mbili, zote tatu namba moja mfululizo, na hakuna msanii aliyekuwa amefanya hivyo kabla yake. Lakini mwaka huohuo palikuwa na watu waliouchukia muziki wa disko kwa hasira isiyo ya kawaida. Tarehe 12 Julai, katika uwanja wa besiboli wa Comiskey Park jijini Chicago, mtangazaji wa redio aitwaye Steve Dahl aliwaita watu waje na santuri za disko ili zilipuliwe katikati ya mechi mbili. Aliyekuja na santuri aliingia kwa senti 98. Uwanja ulijaa, santuri zikalipuliwa, maelfu wakavamia uwanja, moto ukawashwa, polisi wakaja, na mechi ya pili haikuchezwa. Vince Lawrence, kijana mweusi aliyekuwa akifanya kazi uwanjani jioni ile na ambaye baadaye alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa house, muziki wa dansi wa klabu, ameeleza kwamba santuri nyingi alizoziona zikiletwa hazikuwa hata za disko. Zilikuwa tu za wanamuziki weusi.

Siku mbili baadaye, tarehe 14 Julai, wimbo ulioshika namba moja katika chati ya Billboard ulikuwa "Bad Girls" wa Donna Summer. Ulikaa hapo wiki tano.

Februari iliyofuata zikaja Grammy za mwaka 1980. Waandaaji walikuwa wameanzisha kipengele cha disko kwa mara ya kwanza. Bad Girls ilikuwamo miongoni mwa waliowania, pamoja na Michael Jackson, Earth, Wind & Fire na Rod Stewart. Ikashinda "I Will Survive" ya Gloria Gaynor. Nasema bila kinyongo kwamba ulistahili. Gaynor alikuwa ametoka kufanyiwa upasuaji wa uti wa mgongo, na aliurekodi wimbo ule akiwa amefungwa mkanda wa kushikilia mgongo. Kampuni iliuweka upande wa pili wa santuri, na madijei ndio walioigeuza. Baada ya usiku ule kipengele cha disko kikafutwa, hakikurudi tena. Kwa hiyo katika historia yote ya Grammy kuna mshindi mmoja tu wa disko, na si yule mnayemwita malkia.

Usiku huohuo palikuwa na kipengele kingine kipya, cha uimbaji wa rock kwa wanawake. Waliowania ni pamoja na Bonnie Raitt na Carly Simon. Aliyeitwa ni Donna Summer, kwa "Hot Stuff".

Najua wapo waliosema wakati ule, na wapo wanaosema hadi leo, kwamba ule si wimbo wa rock. Wausikilize tena. Lile gitaa linalokata katikati ya wimbo linapigwa na Jeff Baxter, aliyetoka bendi za rock za Steely Dan na Doobie Brothers. Donna mwenyewe haimbi pale kwa sauti ile laini ya miaka ya Munich. Anasukuma, anakwaruza, anatoa sauti kifuani moja kwa moja. Rock ina mizizi kwa akina Sister Rosetta Tharpe na Little Richard, waimbaji waliotoka kanisani kama yeye, na sioni ni kwa kipimo gani binti wa kwaya ya Boston awe mgeni katika nyumba hiyo. Miezi saba tu baada ya santuri kulipuliwa Chicago, mwanamke mweusi aliyekuwa sura ya muziki uliochukiwa alikuwa mwanamke wa kwanza kuchukua Grammy ya uimbaji wa rock. Kama ningepewa nafasi ya kutaja tuzo yake moja tu, ningetaja hiyo. Makala yenu imeitaja kama "Grammy ya 1980", basi, bila kusema ya nini.

Kuhusu American Music Awards, tuzo nyingine za muziki za Marekani, sina la kuongeza sana. Alipata sita, tatu mwaka 1979 na tatu mwaka 1980, na zile za 1979 kweli zilikuwa za disko. Hapo mwandishi yuko sahihi. Ila za mwaka uliofuata zilikuwa za pop na za soul, mpangilio uleule ninaouzungumzia: kila walipomfungia chumba kimoja, mwaka uliofuata alikuwa ametokea kwenye vyumba vingine viwili.

Kuna atakayesema Grammy ya 1998 ya muziki wa dansi ni disko iliyobadilishwa jina. Sikubaliani naye kabisa, ingawa namwelewa. Wimbo ni "Carry On", alioimba tena na Moroder. Ulikuwa umetoka mwaka 1992 bila kelele nyingi, kisha ukachanganywa upya na kupigwa tena klabu miaka mitano baadaye. Kipengele chenyewe kilikuwa kinatolewa kwa mara ya kwanza. Muziki wa dansi wa miaka ile ya tisini ulikuwa umejengwa juu ya kazi waliyoifanya wawili hao na mtunzi mwenzao Pete Bellotte mwaka 1977 katika "I Feel Love", ambapo karibu muziki wote unatoka kwenye Moog, mashine ya umeme ya kutengeneza sauti za muziki, na sauti ya Donna ndiyo kitu pekee chenye damu ndani yake. Wimbo ule ulishika namba moja Uingereza mwezi Julai 1977 kwa wiki nne. Haukupata Grammy. Waliotoa tuzo walihitaji zaidi ya miaka ishirini wafungue kipengele kinachofanana na alichokuwa amekifanya, na walipokifungua, wa kwanza kuingia akawa yeye na Moroder.

Jambo jingine, na hili ndilo lililonifanya nikae chini niandike. Makala yenu imezichanganya heshima zake, nyota ya Hollywood, Rock and Roll Hall of Fame (ukumbi wa heshima wa wanamuziki), tuzo ya heshima ya maisha ya Grammy, kana kwamba alizipokea mwenyewe akiwa amesimama, akitabasamu. Msomaji kijana akiisoma ataamini kwamba Marekani ilimlipa mwanamke huyu kila kilicho chake akiwa hai. Haikumlipa.

Donna Summer alifariki tarehe 17 Mei 2012, kwa saratani ya mapafu, akiwa na umri wa miaka 63. Siku sita baadaye Maktaba ya Bunge la Marekani ilitangaza nyimbo na sauti 25 za orodha yake ya mwaka 2011, zile zinazohifadhiwa kwa sababu ya uzito wake katika utamaduni na historia ya nchi. "I Feel Love" ulikuwamo. Siku sita! Sijui kama kuna siku sita zinazoniuma zaidi katika historia ya muziki. Orodha ilikuwa ya mwaka uliotangulia, habari ilikuwa njiani, na mwenyewe alikuwa ameshafariki ilipofika.

Rock and Roll Hall of Fame ndiyo mbaya zaidi, kwa sababu pale haikuwa bahati ya kalenda. Kanuni yao ni kwamba msanii anaweza kufikiriwa ikishapita miaka 25 tangu atoe rekodi yake ya kwanza. Albamu yake ya kwanza, Lady of the Night, ilitoka mwaka 1974. Hesabuni wenyewe. Jina lake lilipigiwa kura zaidi ya mara moja na mara zote likaachwa. Alipofariki, Elton John alisema hadharani kwamba kutoingizwa kwake ni aibu tupu, hasa ukiwatazama wengine walioingizwa. Mwaka mmoja baadaye, Aprili 2013, jijini Los Angeles, wakamwingiza pamoja na Public Enemy, Heart, Rush, Randy Newman na Albert King. Jennifer Hudson aliimba nyimbo zake. Waliosimama kupokea ni mumewe, Bruce Sudano, na binti zake.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: wapo waliomheshimu mapema. Dance Music Hall of Fame walimwingiza mwaka 2004, yeye na "I Feel Love" kwa pamoja, na akiwa hai. Watu wa klabu, wale wachezaji na madijei ambao wengine waliwadharau, ndio hawakusubiri kifo. Cha kusikitisha, hiyo ndiyo heshima pekee ambayo makala yenu haikuigusa kabisa.

Tuzo ya heshima ya maisha ya Grammy ilitolewa mwaka 2024, miaka 12 baada ya mazishi. Katika orodha ya mwaka ule alikuwamo Gladys Knight, ambaye yuko hai, na Tammy Wynette, aliyefariki mwaka 1998. Naona ni vizuri walimpa. Ninachotaka ni kwamba gazeti linapoandika "alipewa" liandike na mwaka, ili msomaji aone mwenyewe nani alikuwa hai na nani hakuwa. Mwaka hauchukui nafasi. Ni tarakimu nne.

Wakati wa kuziweka santuri zile kwenye rafu niliwahi kumwambia mkuu wangu kwamba mwanamuziki huyu anahitaji kadi nne au tano. Akasema maktaba si makumbusho, watu wanataka kumpata haraka. Nilimwelewa, alikuwa na kazi ya kuendesha. Gazeti lakini lina nafasi ambayo kadi haina. Linaweza kusema R&B, rock, imani, dansi, likaeleza kwa nini, na mtoto wa shule anayependa kuimba na ambaye ameambiwa achague aina moja ya muziki asome na ajue kwamba palikuwa na mtu ambaye hakuchagua, na tuzo zikamfuata kila alikokwenda.

Ombi langu ni fupi. Kwanza, msahihishe habari ya Oscar katika toleo lijalo na kuitaja kwa jina la Paul Jabara, kwa sababu naye ameshafariki na hana wa kumsemea katika kurasa zenu. Pili, kama mtairudia makala hii, na natumaini mtairudia, Grammy ya 1980 iandikwe kwa jina lake kamili, ya rock, kwa "Hot Stuff", na zile mbili za 1984 na 1985 zipate sentensi yao. Tatu, mbele ya Rock and Roll Hall of Fame iandikwe 2013, na mbele ya jina la Donna Summer iandikwe 1948 hadi 2012.

Wenu katika kuupenda muziki,
Mtunzaji mstaafu wa maktaba ya santuri